Punje Zilisafiri, Ujuzi Ukabaki

Mnamo Novemba 2010, kamati ya UNESCO inayoshughulikia urithi wa utamaduni usioshikika ilikutana Nairobi, na miongoni mwa mambo iliyoyapitisha ni kuuingiza upishi wa jadi wa Mexico katika orodha ya urithi wa binadamu wote. Mapishi ya Michoacán, jimbo la magharibi ya nchi hiyo, ndiyo yaliyotolewa kuwa mfano. Anayesoma maelezo ya uamuzi ule hakuti sifa za nyama wala za jibini. Anakuta mahindi, maharage na pilipili. Anakuta shamba la mseto liitwalo milpa, bustani za majini ziitwazo chinampa, jiwe la kusagia, na ufundi wa kuchemsha mahindi kwa chokaa kabla ya kuyasaga. Siku hizi wapo wasafiri wengi wanaokwenda Mexico kujifunza kupika vyakula vya mimea, na wengi wao hufika wakiamini kwamba wanachojifunza ni kitu cha kisasa, yaani upishi wa nyama uliotolewa nyama. Hoja yangu ni kwamba wanaishika historia mkiani. Jiko la Mexico lilisimama juu ya mimea kwa maelfu ya miaka kabla ya ng'ombe wa kwanza kukanyaga ardhi ile, na kilichofanya mimea hiyo iweze kulisha miji na dola ni ujuzi wa wapishi. Ujuzi huo uliwahi kuachwa nyuma pale mabaharia walipobeba punje wasimbebe mpishi, na watu wengi wakafa kwa sababu hiyo. Ndiyo maana kujifunza kupika safarini ni jambo zito kuliko linavyodhaniwa.

Tuanze na ushahidi wa ardhini. Katika pango la Guilá Naquitz, kwenye bonde la Oaxaca, mwanaakiolojia Kent Flannery alifukua mwaka 1966 masalia ambayo baadaye yalipimwa umri: mbegu za maboga yaliyolimwa na watu yapata miaka 10,000 iliyopita, na magunzi ya mahindi yenye umri wa zaidi ya miaka 6,000. Upande wa magharibi, katika bonde la mto Balsas jimboni Guerrero, chembe za mahindi zilikutwa kwenye mawe ya kusagia ya takriban miaka 8,700 iliyopita. Mmea ulioyazaa mahindi ni nyasi ya porini iitwayo teosinte, yenye punje chache zilizofungwa ndani ya maganda magumu, na ilichukua vizazi vingi vya wakulima waliochagua mbegu moja moja hadi likapatikana gunzi tunalolijua leo. La kuzingatia ni kwamba punje na jiwe la kusagia vinaonekana pamoja tangu zamani hizo. Mahindi hayakuwahi kuwa chakula cha kuchuma na kula tu. Tangu mwanzo yalikuwa kazi, na kazi hiyo ilihitaji mwalimu na mwanafunzi.

Upande wa mifugo, orodha ilikuwa fupi mno. Wenyeji walifuga bata mzinga na mbwa wa kuliwa, wakawinda swala na ndege, wakavua samaki. Ng'ombe, mbuzi, kondoo, nguruwe na kuku wote waliletwa na Wahispania baada ya 1519. Pasipo ng'ombe hakuna maziwa wala jibini. Pasipo nguruwe hakuna mafuta ya nguruwe, na pasipo mafuta mengi ya kupikia, kukaanga hakuwezi kuwa njia kuu ya kupata ladha. Mpishi wa zama hizo alichemsha, alipika kwa mvuke, alifukia chakula kwenye shimo lenye mawe ya moto, na juu ya yote alichoma na kubanika juu ya comal, yaani kikaango bapa cha udongo kisichotiwa mafuta. Nyanya zilibabuliwa hadi ngozi ikawa nyeusi. Pilipili kavu ziliokwa kidogo, zikarowekwa, zikasagwa. Mbegu za maboga zilikaangwa kavu hadi zikatoa harufu yake, kisha zikapondwa kuwa rojo zito. Utamu ambao wengi wetu tumezoea kuutafuta kwenye kitunguu kinachoiva ndani ya mafuta, wao waliutafuta kwenye moto mkavu na wakaupata.

Shamba lenyewe lilikuwa nusu ya upishi. Katika milpa, shina la mahindi huwa mti wa kupandia maharage, maharage huirutubisha ardhi kwa naitrojeni, na majani mapana ya maboga hufunika udongo usikauke wala kuota magugu mengi. Magugu yanayobaki nayo huliwa. Wamexico wana jamii nzima ya majani ya shambani wanayoyaita quelites, na miongoni mwake yamo majani ya mmea wa jamii moja na mchicha wetu. Sahanini ushirikiano huo unaendelea: mahindi yana upungufu wa laisini, kijenzi kimojawapo cha protini, nayo maharage yana laisini tele, mbegu za maboga zinaongeza mafuta na protini, nyanya na pilipili mbichi zinaongeza vitamini. Mkulima wa Mbeya au wa Kakamega anayechanganya mahindi, maharage na maboga katika shamba moja hahitaji kuelezwa mantiki hii. Mazao yote matatu yalimfikia kutoka bara lile, na mpango wa shamba unafanana na ule wa huko.

Ushahidi wa maandishi unakubaliana na ule wa ardhini. Kitabu cha picha kinachojulikana kama Codex Mendoza, kilichochorwa yapata mwaka 1541, kinaonyesha malezi ya watoto wa Waazteki mwaka baada ya mwaka, na pembeni ya kila mtoto kimechora kiasi cha chakula chake kwa hesabu ya tortilla, ile mikate myembamba ya mahindi. Wa miaka 3 ana nusu, wa miaka 4 ana mmoja, wa miaka 6 ana mmoja na nusu, wa miaka 13 ana miwili. Msichana wa umri huo wa 13 ameonyeshwa akipiga magoti mbele ya jiwe, akijifunza kusaga na kupika chini ya macho ya mama yake. Kitabu hichohicho kinaorodhesha kodi ambazo majimbo yaliipelekea dola, na kwenye orodha za chakula yametangulia maghala ya mahindi, maharage, mbegu za chia na mbegu za jamii ya mchicha. Baadaye mtawa Mfransisko Bernardino de Sahagún, aliyefika Mexico mwaka 1529, aliwahoji wazee wa Kinahua, jamii ya Waazteki, akisaidiwa na vijana wasomi wa chuo cha Tlatelolco, na kazi yao ya vitabu 12, iliyokamilika miaka ya 1570, inaeleza wauza vyakula wa sokoni kwa undani wa kushangaza. Humo zimo tamale, yaani madonge ya mahindi yaliyofungwa kwa majani na kupikwa kwa mvuke: za maharage, za matunda, za asali. Mchuzi wa pilipili wa aina nyingi. Uji wa mahindi uliotiwa ladha. Zimo pia tamale za bata mzinga na za samaki, na jambo hilo nitalirudia.

Sasa tufike kwenye kitovu cha hoja, kazi iitwayo nixtamal. Mpishi huchukua mahindi makavu akayatia kwenye maji yenye chokaa iliyozimwa, kama gramu 10 kwa kila kilo ya mahindi, akayachemsha hadi ganda la punje lianze kuteleza, kisha akayaacha humo usiku kucha. Asubuhi huyaosha, huyasugua maganda yatoke, na kuyasaga yakiwa mabichi. Mambo makubwa hutokea katika usiku huo. Ganda na gundi yake hulainika, na ndiyo sababu unga unaotokana nayo hushikamana ukawa donge linaloweza kupigwa likawa tortilla. Unga wa sembe uliokorogwa na maji hauwezi kufanya hivyo bila kumeguka. Niasini, vitamini ambayo ndani ya mahindi ya kawaida imefungwa kiasi kwamba mwili hauwezi kuichukua, hufunguliwa. Kalisi ya chokaa huingia kwenye punje. Hata sumu za ukungu hupungua, ingawa hilo halihalalishi kula mahindi yaliyooza. Vyungu vyenye mabaki ya chokaa vilivyopatikana pwani ya kusini ya Guatemala vinaonyesha kwamba kazi hii ilikuwa ikifanyika zaidi ya miaka 3,000 iliyopita. Hakuna aliyejua neno vitamini. Walijua kwamba donge linashikamana, kwamba ladha inanoga, na kwamba wanaokula hivyo wanastawi.

Mahindi yalivuka bahari ndani ya miongo michache baada ya Wahispania kufika. Yakalimwa Hispania, Italia na Balkani, kwa sababu yalizaa sana na kodi zake mwanzoni zilikuwa nyepesi au hazikuwapo. Lakini mabaharia na wafanyabiashara walibeba gunia la mbegu. Mwanamke aliyejua kuyapika hawakumwona kuwa sehemu ya mzigo. Katika nchi hizo maskini waliyasaga makavu, wakapika uji mgumu, wakaula kutwa na mwaka mzima. Mwaka 1735 daktari Gaspar Casal wa Asturias, Hispania, alieleza ugonjwa mpya wa wakulima: ngozi inababuka penye jua, tumbo linaharisha, akili inachanganyikiwa, na mwisho ni kifo. Mwaka 1771 Mwitalia Francesco Frapolli aliupa jina la pelagra. Kwa zaidi ya karne moja waganga waliyalaumu mahindi yaliyovunda au vijidudu. Huko kusini mwa Marekani ugonjwa uliua maelfu ya watu katika miongo ya mwanzo ya karne ya 20, hadi daktari Joseph Goldberger, kuanzia mwaka 1914, alipothibitisha kwamba chanzo ni mlo. Mwaka 1937 Conrad Elvehjem akaitambua niasini kuwa ndiyo tiba. Wakati wote huo mamilioni ya wakulima wa Mexico walikuwa wakila mahindi kila siku ya maisha yao, na pelagra kwao ilikuwa nadra.

Asije mtu akadhani kwamba habari hii ni ya kale tu. Mwaka 1990, miongoni mwa wakimbizi wa Msumbiji waliokuwa Malawi, pelagra iliwapata watu zaidi ya 17,000. Mgawo wao ulikuwa mahindi kwa wingi, na karanga, zilizokuwa zikiwapatia niasini, zilikuwa zimepungua kwenye mgawo huo. Hapa kwetu Wareno walileta mahindi katika karne ya 16, lakini katika sehemu nyingi za bara la Kenya na Tanganyika hayakuwa nafaka kuu hadi karne ya 20. Kilichotukinga ni kwamba mahindi yaliingia kwenye majiko yaliyokuwa tayari na kunde, karanga, mboga za majani na dagaa. Makande, pure na githeri ni majibu ya wapishi wa Afrika Mashariki kwa tatizo lilelile ambalo Wamexico walilijibu kwa milpa na chokaa, na ni majibu ya heshima. Wapishi wetu pia wanaijua nguvu ya magadi katika kulainisha mahindi na kunde ngumu, na watafunaji wa tambuu wa Lamu na Zanzibar wanaijua chokaa iliyozimwa kwa ndimi zao. Magadi hayafanyi kazi yote ya chokaa, kwa kuwa hayana kalisi, lakini yanatosha kuonyesha kwamba ufundi wa Mexico usingekuwa mgeni jikoni kwetu kama ungepata wa kuuleta.

Turudi Mexico. Wakoloni wa Kihispania hawakuusahau ujuzi huu kwa bahati mbaya pekee. Waliudharau, na dharau hiyo iliendelea baada ya uhuru. Mbegu za jamii ya mchicha, ambazo Waazteki walizifinyanga kuwa sanamu za miungu na kuzila katika ibada, zilipigwa vita na makasisi. Ngano ikawa chakula cha Mkristo na cha mstaarabu. Mwaka 1899 mwanasiasa wa Mexico Francisco Bulnes alichapisha kitabu akiwagawa binadamu katika jamii za ngano, za mchele na za mahindi, akadai kwamba wala mahindi wamedumaa kwa sababu ya chakula chao. Karamu za serikali za kuadhimisha miaka 100 ya kupigania uhuru, mwaka 1910, ziliandaliwa kwa vyakula vya Kifaransa. Kisha sayansi ikapima. Miaka ya 1940 watafiti waliwachunguza Waotomi wa bonde kame la Mezquital, watu maskini waliokula nyama na maziwa kwa nadra sana, wakiishi kwa tortilla, maharage, pilipili, majani ya porini na pulque, kinywaji cha utomvu wa mmea wa jamii ya mkonge. Ripoti iliyotolewa mwaka 1946 ilieleza kwamba hali yao ya lishe ilikuwa nzuri kuliko mtu angeitarajia kutokana na umaskini ule. Alichokiita Bulnes chanzo cha udhaifu kilikuwa ndicho kilichowashikilia watu hao wawe hai.

Kuna anayeweza kupinga hapa kwamba Waazteki hawakuwa watu wa mimea pekee, na amesema kweli. Sahagún ameandika bata mzinga, samaki, vyura na wadudu. Panzi wa kukaangwa bado wanauzwa katika masoko ya Oaxaca, jambo lisiloweza kumshangaza mlaji wa senene wa Bukoba. Kuwavika watu wa kale imani ya kutokula nyama ni kuwasingizia. Lakini hoja yangu inahusu msingi, haihusu kiapo. Nyama katika jamii ile ilikuwa ya sikukuu, ya wakubwa na ya bahati ya mwindaji; mlo wa kila siku wa watu wengi ulikuwa mimea, na mfumo mzima wa ladha uliundwa ili mimea itosheleze. Hata hivyo pingamizi hili lina funzo la kushika. Vitamini B12 haipatikani kwenye mahindi, maharage wala maboga, na wale wa zamani waliipata kwenye vijinyama na samaki wa mara mojamoja. Anayechagua leo kuacha kabisa vitu vya mnyama lazima aitafute kwenye vidonge au vyakula vilivyoongezwa vitamini hiyo. Historia inampa mwanzo mzuri. Haimpi ruhusa ya kupuuza elimu ya lishe.

Pingamizi la pili ni zito zaidi: kwamba tortilla na maharage vilikuwa chakula cha ufukara, na kuvisifu ni kusifu njaa ya wengine. Tena wanawake ndio waliolipa gharama, wakipiga magoti mbele ya jiwe kabla ya alfajiri na kusaga kwa saa kadhaa kila siku ya Mungu. Oscar Lewis, mwanaanthropolojia aliyekichunguza kijiji cha Tepoztlán miaka ya 1940, alisimulia jinsi wanaume walivyoipinga mashine ya kwanza ya kusaga nixtamal, na jinsi wanawake walivyoshinda hatimaye. Nani angewalaumu? Naliona pingamizi hili kuwa la haki, na nadhani linaikata hoja yangu ikae sawa badala ya kuivunja. Ufukara uliodhuru ulikuwa ule wa mahindi matupu, pale mkulima alipopoteza shamba la mseto akabakiwa na nafaka moja ya kununua. Milpa kamili na nixtamal vilikuwa ngao dhidi ya ufukara huo. Na mashine ya kijijini haikuua ujuzi: mahindi bado yaliloweshwa kwa chokaa nyumbani, yakasafirishwa kwa ndoo hadi mashineni, yakarudi yakiwa donge. Kinachostahili kuhifadhiwa ni usiku wa chokaa, na magoti ya wanawake yanastahili kupumzishwa.

Pingamizi la tatu linatoka kwa wapenda ladha. Tamale halisi, wanasema, ina mafuta ya nguruwe. Maharage halisi hukaangwa upya ndani yake. Mole ya Puebla, mchuzi mzito wa pilipili na viungo, hupikwa kwa supu ya bata mzinga. Wana shahidi mkubwa. Diana Kennedy, Mwingereza aliyehamia Mexico mwaka 1957, akasafiri kwa miongo mingi kutoka kijiji hadi kijiji akijifunza kwa wapishi wa nyumbani na kuwataja kwa majina katika vitabu vyake, aliyatetea mafuta ya nguruwe kwa nguvu zote. Jibu langu ni kwamba mafuta hayo ni halali kama mgeni wa miaka 500 aliyekwisha kuwa mwenyeji, lakini uhalali wake hauwezi kuifuta nyumba aliyoikuta. Tamale zilipikwa kwa karne nyingi bila nguruwe. Mpaka leo tlacoyo, donge la nixtamal lenye umbo la jani lililojazwa maharage, huokwa kavu juu ya comal na kuliwa pamoja na nopal, yaani majani ya mpungate, na mchuzi wa pilipili uitwao salsa. Maharage ya Oaxaca hupata harufu yake kwa majani makavu ya mparachichi. Pipián, mchuzi wa mbegu za maboga na pilipili, umekamilika wenyewe. Nyama huogeshwa ndani yake. Hapo ndipo linapoonekana kosa la kujifunza kwa kuondoa. Anayechukua sahani ya kisasa akatoa nyama, jibini na mafuta hubaki na pengo, akalijaza kwa bidhaa za kiwandani. Anayeanzia kwenye donge, maharage, pilipili na moto mkavu haoni pengo lolote.

Kujifunza kwa kusafiri nako kuna historia yake ndani ya Mexico yenyewe. Josefina Velázquez de León, aliyeishi kati ya 1899 na 1968, aliendesha shule ya upishi katika mji mkuu na kuzunguka majimbo akifundisha na kukusanya mapishi kutoka kwa wanawake wa huko. Mwaka 1946 alichapisha kitabu cha vyakula vya mikoa ya nchi nzima. Kabla ya juhudi za aina hiyo, mtu wa Veracruz hakuwa na sababu ya kujua wanachokila wa Michoacán, na tabaka la juu halikuwa na sababu ya kujua wanachokila wote wawili. Safari ya mpishi mwanafunzi ndiyo iliyosaidia kuyafanya majiko mengi yajitambue kuwa ya taifa moja. Msafiri wa leo anayeingia darasa la Oaxaca linaloanzia sokoni, penye vilima vya pilipili kavu ambazo kila moja ina jina na matumizi yake, amejiunga na mkondo huo, ajue asijue.

Linabaki swali la haki: je, mgeni anayejifunza haji kuchuma tu, akarudi kwao akauza alichopewa? Hatari ipo. Tangu mkataba wa biashara huria wa Amerika Kaskazini ulipoanza Januari 1994, mahindi ya bei nafuu kutoka Marekani yamemiminika Mexico, mengi yakiwa ya chakula cha mifugo, huku wakulima wadogo wakibanwa kwa bei. Unga wa nixtamal uliokaushwa viwandani, ambao kampuni ya Gruma ilianza kuutengeneza mwaka 1949, umerahisisha maisha ya mijini, lakini umezizoesha ndimi ladha moja katika nchi yenye aina 59 za mahindi ya asili. Mahindi hayo ya buluu, mekundu na meupe yataendelea kulimwa ikiwa tu yupo wa kuyanunua kwa bei inayomlipa mkulima, na wa kuyapika kwa namna inayostahili. Kwa hiyo mwanafunzi mgeni anaweza kuwa mnyonyaji, anaweza pia kuwa mteja na shahidi. Tofauti iko kwenye matendo yanayopimika: kumlipa mwalimu ada yake kamili, kununua mahindi ya asili kwa mkulima, kutaja jina la mwalimu na kijiji chake kila anapofundisha alichofundishwa. Kukataa kujifunza hakumsaidii mkulima yeyote. Wahispania wa karne ya 16 hawakujifunza, na kutojifunza kwao hakukuwa heshima.

Kutokana na yote haya, kuna kipimo rahisi kwa anayetaka kwenda kujifunza upishi wa mimea wa Mexico. Aulize somo linaanzia wapi. Likianzia kwenye paketi ya tortilla na orodha ya vitu vya kuwekwa badala ya nyama, litampa sahani chache. Likianzia kwenye punje kavu, chokaa na maji, kisha maharage, kisha namna ya kubabua nyanya na kuamsha pilipili kavu, litampa mfumo anaoweza kuupika popote penye mahindi. Na kwa msomaji wa Kiswahili swali hili ni la karibu zaidi. Sisi ni warithi wa safari ile iliyobeba punje peke yake. Mahindi, maharage, maboga, nyanya, pilipili na parachichi tunavyo, tunavilima wenyewe, tena vibichi kuliko anavyovipata Mmexico aliyehamia Ulaya. Tunachokosa ni usiku mmoja wa chokaa safi ya chakula na mtu wa kutuonyesha punje imeiva kiasi gani. Wapishi wetu wanaosafiri, wanafunzi wetu walioko Amerika, vyuo vyetu vya lishe na vya hoteli wanaweza kulileta somo hilo kwa gharama ndogo, na lingewafaa kwanza wale wanaokula ugali mwingi kwa mboga kidogo. Deni la zao tulilipokea miaka mingi iliyopita, na malipo yake ni kujifunza kwa waliolizaa namna ya kulipika.